Mdomo wa Radhamés

Siku Radhamés alipomkanyaga Yocasta kwenye geti la uwanja wa besiboli wa San Pedro de Macorís, Jamhuri ya Dominika, dada wa watu alikuwa na rola kubwa za waridi kichwani, gauni la njano limembana, mkononi ameshika yaniqueque, chapati ya kukaanga, ya moto inayochuruzika mafuta. Ikaanguka.

"We kaka! Mpira unaulenga, mguu huulengi?"

"Samahani, mrembo. Nikununulie nyingine?"

"Mbili. Moja ya mguu."

Hivyo ndivyo mapenzi yalivyoanza, kwa mafuta na maumivu. Mafuta yaliisha upesi.

Radhamés alikuwa mrushaji wa besiboli, na warushaji wana mwiko wao. Siku mambo yakikunyookea, mchezo unaelekea ukingoni na hakuna aliyefanikiwa kuupiga mpira wako, jambo hilo halitajwi. Wenzako wanakuhama benchi, watangazaji wanameza mate. Anayetaja anavunja bahati.

Kosa lake ni kuubeba mwiko huo hadi nyumbani.

"Mpenzi, tutaoana lini?" Yocasta alikuwa akimuuliza kwa simu, msimu baada ya msimu.

"Umekula nini leo, malaika?"

"Nimekula swali langu."

Moyoni alishamwoa zamani; aliogopa tu kutaja. Yocasta hakuwa na mwiko, alikuwa na masikio. Alisikia kimya, akajua amekataliwa, akaondoka.

Halafu bega likachanika. Mkono ukafa, mdomo ukafufuka: redio ikampa kipaza sauti, akawa mtangazaji asiyenyamaza hata akimeza kahawa.

Jumapili moja alasiri, mrushaji chipukizi alikuwa bado hajapigwa mpira hata mmoja, amebakiza mpigaji mmoja tu. Don Fello, mtangazaji mwenzake, aliweka kidole mdomoni. Yakaingia matangazo ya biashara, simu ya Radhamés ikaita.

"Naolewa Jumamosi," alisema Yocasta. "Nimeona usikie kwangu, siyo saluni."

"Yoca, usiolewe! Nilitaka kukuoa tangu ile yaniqueque. Niliogopa nikitaja nitaharibu."

Kikaja kicheko kilicholowa machozi.

"Baba wewe, redioni unatuambia mpaka bibi wa mchezaji anapika nini. Mimi nilikuomba neno moja."

"Si ndo hili?"

"Langu nimeshampa mtu. Yeye aliniuliza kwa sauti."

Simu ikakatwa. Taa nyekundu ikawaka: wako hewani.

"Wasikilizaji," alisema Radhamés, "kijana huyu leo hajapigwa hata mara moja."

Don Fello akashika kichwa. Mpira uliofuata, paa! Ukapaa, ukavuka uzio.

Uwanja ukaguna. Simu za wasikilizaji zikamiminika, wakamtukana yeye na marehemu bibi yake. Matangazo mengine yalipoingia, Don Fello akamgeukia.

"Mlaaniwa wewe! Kwa nini umetaja?"

Radhamés alikuwa anaitazama simu yake.

"Kuna kingine nilikinyamazia, mzee wangu. Nilikinyamazia vizuri kweli, hata wewe ungenisifu. Kikavunjika vilevile."