Kidonda cha Mpungate

Kila asubuhi Crescencio aliwasha moto wa vijiti nyuma ya nyumba. Alikata mabapa ya mpungate, akayababua juu ya moto mpaka miiba ikaungua. Kisha aliyakatakata kwa panga. Mbuzi wake kumi na wanne walikuwa tayari wanasukumana. Tisa kati yao walikuwa na mimba.

Hapa kijijini Pozo Seco mpungate ndio msaada wetu. Mabapa yake mazito ya kijani huota moja juu ya jingine. Sisi huyala na mayai. Ukame ukija, mbuzi nao huyala. Nimezaliwa katikati ya mimea hii na mpaka leo hunishangaza.

Mwaka ule ulikuwa wa tatu bila mvua ya maana. Mipungate ya mlimani ilikwisha. Ulibaki ua wa mipungate uliozunguka nyumba, alioupanda marehemu mama yake Crescencio. Crescencio alianza kuukata, tena mpaka chini kabisa. Nusu ya ua ikawa visiki.

"Ukimaliza huu, mbuzi watakula nini? Kofia yako?" aliuliza mkewe, Amparo.

"Basi tupande mingine," alisema Crescencio.

Ilikuwa tarehe kumi na tano Mei, sikukuu ya Mtakatifu Isidro, msimamizi wa wakulima. Siku hiyo sisi hupeleka mbegu kanisani zibarikiwe. Crescencio alikata mabapa ishirini alfajiri, akayapeleka kwenye misa yakiwa bado yanatoka ute. Padri akayanyunyizia maji ya baraka. Mchana huohuo yakapandwa, na kila moja likamwagiwa ndoo nzima ya maji. Kila jioni Amparo aliyapelekea maji ya kuoshea vyombo. Watu waliozoea kubeba maji kutoka mbali hudhani kila kitu kina kiu.

Baada ya wiki tatu mabapa yalilegea, yakawa meusi, yakanuka. Amparo aligusa moja na kidole kikazama. Akalia palepale.

"Mtakatifu ametukataa," alisema Crescencio. "Jumatatu naukata ua wote. Mbuzi wazae, halafu tutajua."

"Ua wa mama yako?"

"Mama amekufa. Mbuzi wangu bado."

Alasiri ile alikuja Eduviges na kisu na kikapu. Alikuwa mama wa ubatizo wa binti yao. Kwetu mtu kama huyo ni ndugu, hata akikutukana. Yeye huuza mipungate sokoni.

"Nimekuja kuomba mabapa mawili ya kupika," alisema. "Mbona mmenuna? Nani kafa?"

Walimwonyesha. Eduviges aliinama, akanusa, akacheka mpaka akashika kiuno.

"Crescencio, ndugu yangu! Umeyazamisha! Hawa si mipera, hawa ni watu wa jangwani!"

"Nimeyapanda siku ya Mtakatifu Isidro, dada. Yamebarikiwa."

"Mtakatifu Isidro alikuwa mkulima. Angekuwepo angekuchapa. Ukijikata mguu, unauchomeka kwenye tope?"

"Siwezi. Utaoza."

"Haya basi. Na bapa ulilikata leo, ukalichomeka kwenye tope leo. Lina kidonda! Liweke kivulini siku kumi na tano. Kidonda kikauke, kiwe kigumu kama kisigino chako. Ndipo ulipande, kwenye udongo mkavu. Lifukie nusu tu. Usilimwagie maji mpaka litoe mizizi."

"Siku kumi na tano bila tone? Litakufa kwa kiu!"

"Kiu?" Eduviges alikata bapa moja la ua, akamkazia Crescencio macho. "Shika. Zito, sivyo? Hilo ni maji. Limejiwekea akiba. Ngozi yake ina nta, maji hayatoki. Na ile miiba unayoilaani ndiyo majani yake. Yamejikunja yakawa sindano ili jua lisiyanyonye."

Amparo alifuta machozi. "Na kwa nini wewe huja kukata alasiri tu?"

"Kwa sababu asubuhi mabapa ni machachu, mwenzangu. Mimea mingine hufungua vitundu vyake mchana, na jua hunyonya maji yake. Huyu ana akili. Mchana anafunga milango. Usiku, kukiwa na ubaridi, anafungua, anavuta hewa, anaihifadhi ndani, na ndiyo inayoleta ule uchachu. Jua likichomoza anafunga tena, anaitumia taratibu kujilisha. Ikifika alasiri uchachu umepungua. Kesho uonje mwenyewe."

Kesho yake Crescencio alionja bapa alfajiri, akakunja uso. Alasiri akaonja jingine. Akasimama mbele ya ua wa mama yake akiwa amevua kofia. Alikuwa ameishi nao miaka arobaini na hakujua kwamba ulikuwa na kazi yake ya usiku.

Jumatatu hakuukata. Eduviges alikuwa amemwambia achukue mabapa ya juu tu, aache ngazi mbili za mabapa juu ya shina ili ua uchipue tena. Pia achanganye na mabua makavu ya mahindi, maana mpungate mtupu ni maji mengi na huharisha mbuzi.

Mabapa ishirini mengine yalilazwa kivulini. Siku ya sita yalianza kukunjamana. Amparo alimkuta mumewe ananyata na jagi.

"Unakwenda wapi na hilo?"

"Tone moja tu, mama. Nayaonea huruma."

"Huruma yako ndiyo iliyoua yale ya kwanza." Akampokonya jagi, akanywa maji yote mbele yake.

Siku ya kumi na tano vidonda vilikuwa vikavu na vigumu. Waliyapanda. Julai mvua ikaja, kidogo lakini ikaja, na nyasi zikaota. Mbuzi wote tisa walizaa salama. Mabapa kumi na nane yakashika, na kila moja likatoa watoto wawili au watatu wa kijani kibichi. Ua wa mama ukachipua pale ulipoachiwa shina.

Mwaka uliofuata, sikukuu ya Mtakatifu Isidro, Crescencio alikwenda misa na gunia la mabapa yaliyokunjamana. Padri aliyatazama kwa mashaka.

"Haya mbona yamezeeka?"

"Hayajazeeka, Padri. Yamepona."

Nje ya kanisa walisimama vijana wawili waliooana karibuni. Walikuwa na mabapa yaliyokatwa asubuhi ileile, bado yanatoka ute, na ndoo ya maji iliyojaa pomoni. Crescencio aliweka gunia lake chini. Akafungua, akawahesabia mabapa kumi makavu, akachukua yale mabichi.

"Haya nitayalaza kivulini kwangu. Njooni baada ya siku kumi na tano," alisema.

"Na maji haya, mzee?" aliuliza bibi harusi. "Tumeyabeba kutoka kisimani!"

Crescencio aliinua ndoo kwa mikono miwili, akaishusha mbele ya mbuzi wake anayenyonyesha, aliyekuwa amemfuata mpaka kanisani.

"Mpeni anayeyahitaji," alisema.