Kiti cha Nyuma ya Dereva

Kila asubuhi Chapuchapu alikuwa na kazi moja ambayo hakuruhusiwa kuifanya haraka. Alikaa na Bibi mezani mpaka Bibi amalize kula. Bibi alikuwa na kisukari. Alijichoma sindano yake mwenyewe tumboni, huku akisimulia habari za majirani kana kwamba anafunga tu kifungo cha blauzi. Baada ya sindano alipaswa kula, na katikati ya asubuhi ale tena kidogo. Akichelewa, sukari mwilini hushuka, mikono ikatetemeka, jasho likamtoka na maneno yakaanza kumponyoka ovyo.

Jina la Chapuchapu alipewa nyumbani na lilimkaa vizuri. Alivaa viatu huku anatembea, akanywa chai huku amesimama, na kazi ya hesabu aliimaliza kabla hajaielewa.

Jumamosi hiyo Bibi alikuwa amevaa gauni lake la bluu na mtandio mpya. Mama, ambaye alifanya kazi ya kufua mashuka hotelini, alikuwa amepewa na meneja wake nafasi mbili katika basi la kutembeza wageni mjini, nusu siku nzima. Mwenyewe alikuwa zamu, hivyo akamwachia Bibi na mjukuu wake. Bibi alikuwa ameishi pembezoni mwa jiji hilo tangu ujana, lakini katikati yake alipajua kwa kupapita tu, akiwahi kazini au hospitali.

"Mume wangu," Bibi alimwambia mjukuu wake, "leo unanitembeza mjini. Nisikuone ukigeuza shingo kwa wasichana."

"Bibi nawe. Nani atanitazama na mke mzuri hivi pembeni?"

Mama alicheka, kisha uso wake ukabadilika. Alimpa Chapuchapu mfuko mdogo wa kitambaa wenye biskuti, maji na chupa ya juisi tamu. "Mfuko huu unatembea na Bibi, na wewe unatembea na mfuko. Umenielewa?"

"Nimeelewa, Mama," alijibu Chapuchapu, ambaye tayari alikuwa mlangoni.

Basi lilikuwa la ghorofa, na juu halikuwa na paa. Magoti ya Bibi hayakupenda ngazi, kwa hiyo alikaa chini, kiti cha nyuma ya dereva. Chapuchapu alikaa naye kidogo, miguu ikimcheza, mpaka Bibi akamwonea huruma na kumruhusu apande juu.

Mwongozaji wao alikuwa mwanamke mwembamba mwenye kofia pana na sauti ya kucheka. Kabla basi halijaondoka alishika kipaza sauti akaeleza utaratibu wake. "Mimi siiti majina. Aliyeachwa nyuma hawezi kusema kwamba hayupo. Kila mmoja ana jirani, yule aliyekuja naye. Tukirudi kwenye basi nitauliza, jirani yupo? Mtazame kwa macho yako, ndipo umjibie. Jirani yupo?"

"Yupo," waliitika abiria wote. Chapuchapu aliitika kwa sauti kubwa kuliko wote, na mara hiyo hata aliinama kwenye ngazi kumwona Bibi, naye Bibi akampungia mkono.

Walizunguka mnara wa saa, wakashuka kwenye ukumbi wa jiji na kupiga picha kwenye ngazi zake za mawe. Bibi aliuliza maswali mengi kuliko mtu yeyote. Huko juu, Chapuchapu alikuwa amepata rafiki, mvulana aliyevaa darubini shingoni. Kwa darubini ile waliweza kumwona fundi akipaka rangi ghorofa ya juu kabisa ya benki, na walikuwa wakigombania zamu.

Kituo kilichofuata kilikuwa stesheni ya zamani ya reli. Mwongozaji aliwaonyesha dirisha la tiketi lenye nondo za shaba na ukumbi wa kusubiria wenye mabenchi marefu. Ziara ya stesheni ilipokaribia kuisha, Bibi alimgusa mjukuu wake begani.

"Nisindikize msalani, halafu unisubiri hapa hapa mlangoni. Humu ndani njia zinafanana."

Chapuchapu alimsubiri. Alisimama kwa mguu mmoja, akasimama kwa mguu mwingine. Honi ya basi ililia. Mvulana wa darubini alipita mbio akasema, "Viti vya mbele kabisa huko juu viko wazi. Ukichelewa vinachukuliwa."

Chapuchapu aliutazama mlango wa msalani. Ulikuwa umefungwa. Alijiambia kwamba Bibi si mtoto, atalifikia basi mwenyewe. Akakimbia, mfuko ukimpigapiga mgongoni.

"Jirani yupo?" sauti ya mwongozaji iliuliza kutoka chini.

Darubini ilikuwa machoni mwake. "Yupo," Chapuchapu alijibu.

Basi likaondoka.

Walipofika jumba la makumbusho, ng'ambo ya jiji, abiria waliteremka wakijinyoosha. Dereva ndiye aliyetazama nyuma akaona kiti kitupu. Mtandio mpya ulikuwa umetandikwa juu yake, pale Bibi alipouacha kwa sababu ya joto.

"Yule mama mtu mzima wa gauni la bluu yuko wapi?" aliuliza.

Mwongozaji alimgeukia Chapuchapu. "Wewe ndiye jirani yake. Bibi yuko wapi?"

Watu walikuwa wakimtazama, na mvulana wa darubini pia. Akisema aliko Bibi, wote watajua kwamba alimwacha, na kwamba alijibia kiti ambacho hakukitazama. Ulimi wake ulikuwa na haraka kama miguu yake.

"Ameshateremka," alisema. "Alikuwa mbele yangu. Ameingia ndani."

"Una hakika?"

"Nimemwona."

Msako ukaanza. Jumba lilikuwa kubwa, lenye vyumba vilivyofunguana na ngazi za kupanda na kushuka. Walinzi waliangalia kila chumba. Abiria wengine waligawana, hawa wakienda bustanini, wale kwenye mgahawa. Mwongozaji alikwenda msalani mwenyewe, akagonga mlango mmoja baada ya mwingine. Chapuchapu naye alitembea huku na huko, akiita, "Bibi, Bibi," kwenye vyumba ambavyo alijua havina bibi yake. Hakuwahi kujiona mbaya kiasi hicho. Alitamani mtu amkamate amwambie unadanganya, lakini kila mtu alimhurumia. Mama mmoja alimshika kichwa akamwambia, "Usilie, mwanangu, tutampata."

Ndipo mwongozaji alipourudia mlango wa mbele, kofia mkononi, jasho likimtiririka. Macho yake yalitua kwenye mfuko wa Chapuchapu, aliyekuwa amesimama hapo na yule mama.

"Umebeba nini?"

"Biskuti za Bibi. Na juisi."

"Kwa nini za Bibi?"

"Ana kisukari. Anajichoma sindano asubuhi, halafu..." Aliutazama mfuko. "Halafu anatakiwa ale katikati ya asubuhi."

Alichuchumaa mbele yake, akamtazama usoni, na uso wake haukuwa tena na kicheko. "Amekula?"

Chapuchapu aliona mkono wa Bibi ukitetemeka. Aliuona waziwazi, kama anavyouona nyumbani chai inapochelewa, ila safari hii hakukuwa na mtu mezani. Hofu ya aibu, aliyokuwa nayo tangu wafike, ikawa kitu kidogo sana.

"Hayupo hapa," alisema. "Yuko stesheni. Nilimwacha msalani nikakimbilia kiti cha juu. Nilisema yupo bila kumtazama. Na hapa sikumwona akiteremka. Nimedanganya."

Yule mama aliyemshika kichwa aliondoa mkono wake.

Mwongozaji alikwishasimama. "Dereva, washa gari," alisema. Akapiga simu stesheni huku akipanda. Simu iliita, ikaita, haikupokelewa. Abiria waliingia basini bila kuulizwa, na hakuna aliyelalamika kwamba ziara imekufa.

Njia iliyokuwa fupi asubuhi sasa ilijaa magari. Dereva alipiga honi, akajipenyeza, akalaani malori kwa sauti ya chini. Chapuchapu alikaa kiti cha nyuma ya dereva, akiwa ameukumbatia mfuko, mtandio wa Bibi magotini. Alisali kimya kimya, maneno yaleyale tena na tena.

Kule stesheni watu walikuwa wamekusanyika karibu na mlango wa nje. Bibi alikuwa amekaa sakafuni, mgongo ukutani, gauni la bluu limelowa jasho. Mlinzi alikuwa akimwambia kwa ukali, "Mama, inuka. Mtu wa umri wako kulewa asubuhi, huoni haya?"

"Hajalewa," Chapuchapu alisema, akipenya katikati ya miguu ya watu. "Ni sukari. Bibi yangu anaumwa sukari."

Macho ya Bibi yalimpita kama hamjui. Alisema jambo kuhusu treni na mtoto aliyepotea. Mwongozaji alimshika bega, akamwuliza jina lake, akahakikisha kwamba anaweza kumeza. Kisha akafungua juisi, na Chapuchapu akaishika chupa kwenye midomo ya Bibi, kidogo kidogo, kwa mara ya kwanza maishani akifanya jambo polepole bila kuambiwa. Mlinzi alivua kofia yake akaanza kumpepea Bibi.

Baada ya kitambo ambacho Chapuchapu alikiona kirefu kuliko asubuhi nzima, mkono wa Bibi ulitulia. Alimtazama mjukuu wake. Safari hii alimwona.

"Nilitoka, sikukuona," alisema kwa sauti dhaifu. "Nikaenda kukutafuta. Nilidhani umepotea."

Chapuchapu alilia mbele ya watu wote, na hakujificha.

Walimpeleka zahanati ya karibu, ambako muuguzi alimpima, akampa chakula na kusema akae kitandani mpaka wahakikishe sukari imekaa sawa. Mama alipigiwa simu, akafika mbio, angali na aproni ya kazini, mikono ikinuka sabuni. Alimwona mama yake amelala, akamwona mwongozaji amesimama pembeni, na hasira zake zikapata pa kuangukia.

"Nimewakabidhi mama yangu mzima. Mnafanyaje kazi nyinyi, mnaacha wazee njiani kama mizigo?"

"Una haki kukasirika," mwongozaji alisema. "Mimi ndiye niliyeondoa basi. Nilisikia jibu kutoka juu nikaliamini, wakati kiti kilikuwa mbele ya macho yangu. Nitaieleza ofisi hivyo hivyo."

Hakuongeza kitu. Alimtazama Chapuchapu mara moja tu, kisha akatazama sakafu. Mama aliendelea kumfokea. Bibi alikuwa amefumba macho. Kukaa kimya tu kungetosha, na hakuna ambaye angejua nyumbani.

"Mama, usimgombeze yeye," Chapuchapu alisema.

Akamweleza yote. Msalani, kiti cha mbele, darubini. Alipofika kwenye makumbusho sauti ilitaka kumkimbia, lakini aliisema na hiyo, kwamba watu walihangaika vyumbani wakati yeye anajua Bibi hayumo.

Mama alikaa kwenye ukingo wa kitanda. Alimgeukia mwongozaji. "Nisamehe, dada. Nimekushushia yote wewe." Kisha akamtazama mwanawe.

Aliyesema ni Bibi, ambaye kumbe hakuwa amelala.

"Kuniacha mlangoni nimekusamehe," alisema. "Mtoto husahau, na mtu mzima husahau. Ungesema ukweli, basi lingegeuka palepale na mimi ningekula biskuti zangu nikikutania. Lakini watu wazuri wale walinitafuta kwa nguvu zao zote mahali nisipokuwepo, kwa sababu wewe uliwapeleka huko. Katika jiji zima, aliyejua nilipo ulikuwa wewe peke yako."

Chapuchapu aliinamisha kichwa. "Ndiyo, Bibi."

"Siku nyingine ukikosea, sema palepale, hata kama unaogopa. Aibu utaipata, lakini itapita. Leo uliikwepa, na nusura nife mimi."