Halikuwa Pori Tupu

Kila asubuhi, mimi na rafiki yangu Doto hupita kwenye bustani ya umma tukienda shule. Bustani hiyo iko pembezoni mwa mji wa Shinyanga, mahali nyumba zinapoanza kupungua. Saa hizo akina mama wauza uji wameshakaa kivulini na watoto wadogo wanakimbizana kwenye nyasi. Nilikuwa nikipita tu bila kujali ilitoka wapi. Kutojali huko kuliniletea aibu ambayo mpaka leo nikiikumbuka nakunja ngumi.

Mwalimu Kalisti, anayetufundisha Kiswahili darasa la sita, alitupa kazi ya kuandika historia ya bustani hiyo. Insha bora ingeandikwa kwenye kibao kikubwa langoni.

"Waulizeni wenyeji," alituonya. "Msiniletee mambo ya kubuni."

Mwenyeji wa kumuuliza nilikuwa naye. Bibi Philomena, Msukuma aliyezaliwa papa hapa, anakaa mkabala na kwetu, ng'ambo ya barabara. Lakini maneno yake ni mengi, na siku ile nilitaka kuwahi kucheza rede. Nikaenda dukani kwa Bwana Edward. Yeye alichimba dhahabu Geita, akapata, akaja kufungua duka la vifaa vya ujenzi karibu na bustani. Alinipa soda baridi.

"Andika hivi, binti," aliniambia. "Palikuwa pori tupu. Mimi nikalisafisha, nikaweka mabenchi."

Nikaandika. Baba yangu alihamia hapa kutoka Tabora, na kwetu sisi wageni, nyasi ndefu zisizo na nyumba wala shamba ni pori tu. Mwandiko wangu ni mzuri, nikawa wa kwanza. Wiki iliyofuata maneno yangu yaling'aa langoni kwa rangi nyeupe, na chini yake jina langu: Kudra Sabiti. Nikavimba kichwa!

Siku ya tatu, lori lilimwaga matofali ndani ya bustani. Bwana Edward alikuwa akipima kona moja kwa kamba, ajenge ghala lake. Wauza uji walipopiga kelele, akawaonyesha kibao.

"Someni! Hata watoto wa shule wanajua. Palikuwa pori tupu, nikalisafisha mimi. Sasa mwenye haki ni nani?"

Damu ilinichemka. Kumbe alinitumia! Kabla sijasema neno, Bibi Philomena akafika, kanga kiunoni. Akasoma kibao polepole mpaka mwisho, kisha akanigeukia.

"Kudra, ni wewe uliyeandika haya?"

"Shikamoo, bibi."

"Sitaki shikamoo yako! Pori tupu? Yaya! Hapana! Hii ilikuwa ngitili!"

Sikujua ngitili ni nini. Akanieleza kwa ukali mbele ya watu wote. Kaya kumi na nane zilikuwa zikifunga malisho haya kila masika, asiingie ng'ombe hata mmoja, ili kiangazi majani yakiisha kwingine mifugo isife.

"Mwaka wa ukame mkubwa, mume wangu ndiye aliyekuwa mlinzi," alisema. "Ng'ombe wa kaka yake wakaingia kabla ya siku ya kufungua. Akampeleka kwa wazee, akatozwa dume zima. Ndugu wa tumbo moja hawakusalimiana miaka sita! Ndiyo maana miti hii ipo. Mji ulipotufikia, kaya zote tukakubaliana pawe pa watu wote, asijenge mtu. Leo wewe unapaita pori!"

Nililia, na yalikuwa machozi ya hasira. Nilimkasirikia Bwana Edward, nikajikasirikia mwenyewe mara mbili zaidi.

Jumamosi mwenyekiti wa mtaa aliitisha mkutano. Bwana Edward alisimama kwa madaha, akasema ushahidi wake uko langoni. Nilinyoosha mkono.

"Maneno yale niliandika mimi," nilisema. "Sikumuuliza mtu mwingine hata mmoja. Bwana Edward alinipa soda, akaniambia cha kuandika."

"Mtoto huyu ni mwongo!" alifoka.

"Nilikuwa mwongo nilipoandika," nilimjibu. "Leo siyo."

Watu wakaguna. Wazee wanne wa zile kaya wakasimama mmoja mmoja kueleza walichokijua. Mwenyekiti akaamuru matofali yaondolewe siku hiyo hiyo, na Bwana Edward akaondoka akimgombeza dereva wa lori.

Jumatatu Mwalimu Kalisti alisimama mbele ya darasa zima. "Hata mimi nimekosea," alisema. "Nilitazama mwandiko, sikuuliza habari zimetoka wapi."

Niliandika upya, safari hii baada ya kukaa siku mbili kwa Bibi Philomena. Majina ya kaya zote kumi na nane yakapakwa langoni. Kazi ilipokwisha, bibi alisimama akiyasoma.

"Sasa umefurahi, bibi?" nilimuuliza.

"Bado nina hasira," alijibu bila kunitazama. "Uongo wa mdomoni nitaubishia hapo hapo. Huu wa kuandika ungebaki hapa langoni mimi nikiwa kaburini, na nani angebisha? Kama hujui, uliza. Ukiona uvivu kuuliza, usiandike."