Hatua Elfu Tisa Bila Kutoka Dukani

"Hatua elfu tisa! Halafu unaniambia jana hukutoka dukani?"

Fundi saa aliinua uso, kioo cha kukuzia bado kimekaa jichoni. Mchumba wake, mpima ardhi ambaye hata sofa hainunui bila kuivutia futi, alikuwa amesimama mlangoni na simu mkononi. Zilibaki siku nane wafunge ndoa.

"Hatua za nani?"

"Zako! Saa niliyokupa inasema. Kuanzia saa nne mpaka saa nane mchana ulikuwa unatembea tu. Na nani?"

Fundi nusura acheke. Saa janja hiyo, inayohesabu hatua, kupima mapigo ya moyo na kupokea ujumbe, alipewa siku ya uchumba, na aliipenda kwelikweli. Lakini fundi gani anafungua saa ya mteja huku kavaa nyingine mkononi? Alimvuta mpaka nyuma ya meza.

"Tazama."

Kimashine kilikuwa kinazungusha saa sita taratibu, zile zinazojijaza zenyewe kwa mtikisiko wa mkono. Akishazitengeneza huzitundika hapo, ajue kama zinakwenda sawa. Ya saba ilikuwa saa janja, inazunguka na wenzake bila habari.

"Nikivua saa, mkono unaitundika hapo wenyewe. Mazoea ya miaka kumi na mbili. Bwana niliyetembea naye ndiye huyo."

Mpimaji aliangua kicheko. "Mpenzi, ulinipandisha presha!"

Mwenzake hakucheka.

"Hatua zangu zimefikaje kwenye simu yako?"

"Niliiunganisha siku ileile. Kwa usalama wako."

"Hukuniambia."

"Nilisahau."

"Hukusahau."

Simu ya Fundi ikalia. Ujumbe kutoka kwa mama mkwe mtarajiwa: "Binti, nimesikia una matembezi. Mwanangu haoi mtu wa hivyo. Nguo yangu ya harusi nimeirudisha kabatini."

Aliusoma mara mbili. Ulimuumiza.

"Ulishamwambia mama?"

"Asubuhi. Nilikuwa na hasira."

"Mpigie. Sasa hivi, na uweke spika."

"Nitamweleza nikifika nyumbani..."

"Ukitoka mlango huo hujapiga, ndoa hakuna. Nakupenda, na nitalia mwezi mzima, lakini hakuna."

Mpimaji alimjua, hatanii. Akapiga, akaweka spika.

"Mama, nimemsingizia mwenzangu. Hakwenda popote. Mimi ndiye niliyekuwa namchunguza kwa saa, bila yeye kujua."

Mama akadakia: "Saa kama hii uliyonipa mimi?"

"Ndiyo, mama."

"Kumbe ndiyo maana ulijua siku ile nimelala badala ya kufanya mazoezi! Utanikoma. Mpe simu mwenzako."

Fundi akaipokea. "Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Nisamehe, nimekimbilia kuamini. Sasa harusi ipo, haipo? Sema wewe."

Mpimaji alikuwa amejikunyata kwenye kiti cha wateja, macho chini. Fundi alimtazama. Alimpenda, hata hapo alipokuwa amemkasirikia.

"Ipo, mama. Ila akitaka kujua nilikuwa wapi, ataniuliza kwa mdomo, na nitakalojibu ataliamini."

"Umesikia wewe?" mama akanguruma.

"Nimesikia, mama."

Akafuta muunganisho wote kwenye simu yake, Fundi akitazama. Kisha akamgeukia, sauti imenywea kama ya mtu anayebisha hodi mara ya kwanza.

"Mpenzi, jana ulishindaje?"

"Vuta kiti," Fundi akasema, "nikuelezee."