Kochi Lililopiga Chafya

Kila Jumamosi asubuhi Sindano alifagia vipande vya sponji karakanani, akaokota misumari iliyopinda, kisha akawajibu wateja waliouliza makochi yao yatakuwa tayari lini. Jibu lilikuwa lile lile tangu ajue kusema: "Bado kidogo tu, shangazi." Walimwita Sindano kwa sababu ya wembamba wake, na pia kwa sababu maneno yake yalichoma.

Siku hizo aliongezewa kazi nyingine. Baba yake, fundi makochi, alidaiwa na muuza mbao. Kesi ilikwisha, baba akashindwa, na mtaa mzima ukajua kwamba asipolipa huenda akakamatwa. Basi fundi, mwanamume mwenye kitambi cha heshima, akabuni mpango wa kishujaa. Kila geti lilipolia, aliingia ndani ya kochi kubwa ambalo lilikuwa halijawambwa kitambaa, akajifunika sponji.

"Akija mtu wa mahakama, sema nimesafiri."

"Kwenda wapi, baba? Nauli hatuna."

"Mtoto, usinihoji kama hakimu!"

Geti likalia. Fundi akatoweka. Aliyeingia alikuwa tarishi wa mahakama, mzee mpole mwenye bahasha ya kaki na viatu vilivyochoka.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba, mjukuu wangu. Baba yupo?"

Sindano alitazama dari. "Amesafiri."

"Haya. Ngoja nipumzishe miguu," alisema mzee, akaketi juu ya kochi lile lile.

Springi zikalia. Kochi likaguna. Kisha, vumbi la sponji lilipofika lilikokusudia, kochi likapiga chafya.

Sindano akashika ufagio, akafagia mahali palipokuwa safi.

"Kochi lenu lina mafua," alisema tarishi.

"Ni... ni baridi ya usiku, babu."

Mzee hakuinuka. Aliinamia sponji, akasema kwa adabu zote: "Bwana Kochi, ukimwona fundi, mpe salamu zangu. Mwambie barua hii haisemi kwamba anafungwa. Inamwita mbele ya hakimu Jumatatu, aeleze kwa nini asifungwe. Hilo ni swali. Asipokuja kulijibu, hapo ndipo itatolewa amri akamatwe, na watakaokuja siku hiyo hawaongei na makochi."

Akaacha bahasha, akaaga, akaenda zake.

"Baba," Sindano aliuliza, "mwalimu akiniuliza swali nikajificha chini ya dawati, napata nini?"

"Sifuri," kochi lilijibu.

"Basi Jumatatu twende. Mimi sitadanganya tena. Babu wa watu ameniita mjukuu wake, nami nimemwambia uongo mchana kweupe."

Fundi alitaka kutoka, lakini kitambi kilikataa. Ikabidi mama yake Sindano atoke jikoni, amvute miguu kama anayeng'oa muhogo.

Jumatatu hakimu, mwanamke mwenye miwani puani, alimtazama fundi. "Kwa nini usifungwe?"

Fundi alisimama. Alikuwa ametayarisha uongo wa aina mbalimbali, lakini Sindano alikuwa amekaa benchi la mbele pamoja na mama yake, akimkodolea macho.

"Mheshimiwa, deni ni la kweli. Hoteli iliyoagiza makochi ilifungwa kabla ya kunilipa. Akiba sina, mikono ninayo. Nikiwa ndani, haitashona kitu." Akataja anachopata kwa mwezi na anachoweza kutoa, bila kuongeza wala kupunguza.

"Mbona hukuja mapema?"

"Nilikuwa... ndani ya kochi, mheshimiwa."

Hata muuza mbao, aliyekuja amenuna, alicheka. Hakimu alikohoa sana kuficha kicheko, akamuuliza muuza mbao anasemaje.

"Akifungwa nitapata nini? Alipe kidogo kidogo."

Hakimu akaamuru deni lilipwe kwa mafungu ya kila mwezi. Maadamu fundi analipa, hatakamatwa. Akikwama, aje mwenyewe kueleza.

Nje, fundi alivuta pumzi ndefu. "Kumbe! Nami nilidhani anataka kunifunga tu."

"Baba Sindano," alisema mama, "hakimu hakutaka kukufunga wewe, alitaka ufungue mdomo. Mwenye shida husaidiwa akisema ukweli, si akijificha." Akamgeukia bintiye. "Nawe, mtu mzima akikutuma uongo, hata awe baba yako, usiubebe. Mrudishie kwa adabu, aupeleke mwenyewe."