Mume Wangu Aliniomba Msamaha kwa Maneno ya Filamu

Mimi ni mama wa miaka arobaini na mbili, muuguzi, mzaliwa wa Kisii, na ninaishi Irving hapa Texas. Najua wapo watakaonicheka. Wacheke!

Mume wangu, Samir, ni Mmisri. Kwao Kairo aliigiza filamu miaka kumi na tisa, lakini hakuwahi kuwa nyota. Alikuwa bawabu, dereva, shemeji wa bwana harusi... Huku Marekani alisukuma viti vya magurudumu uwanja wa ndege. Jumapili tuliketi sebuleni tukitazama filamu zake za zamani, naye akinitafsiria kila neno. Nilimpenda, jamani!

Mwaka jana Mkenya mmoja wa Houston akampa nafasi katika filamu yake. Nilifurahi kuliko yeye. Rafiki yangu Rispa, tuliyesoma naye uuguzi, anakaa huko. Nikamwomba ampe Samir chumba kila wikendi. Ndiyo, niliomba mwenyewe! Dada yangu alinionya, nikamwambia ana wivu.

Miezi ikapita. Jumamosi moja nilipika chapati na kuku, nika-drive saa nne nzima niwashtukize waigizaji. Nilimkuta mwenye filamu akiosha gari nje ya nyumba yake, walikokuwa wakiigizia.

"Kwani Samir hajakuambia?" akashangaa. "Tulimaliza ku-shoot Februari."

Na sasa ilikuwa Juni...

Kwa Rispa, aliyenifungulia mlango ni Samir, kifua wazi. Rispa alikuwa nyuma yake, amejifunga leso tu kifuani. Samir akapiga magoti, mkono kifuani, machozi tele.

"Upweke ulinidanganya, mke wangu. Nihukumu, lakini usinifukuze!"

Maneno hayo nilikuwa nimeyasikia! Aliyasema katika filamu moja, akiigiza shemeji mwizi. Si alinitafsiria mwenyewe? Hata mkono ulikuwa pale pale.

Nikacheka. "Umeigiza vizuri," nikamwambia. "Sasa baki hapa hapa."

Nililia njia nzima, lakini sikugeuza gari.

Akina mama wa kanisa wakaja. Eti mwanamke ni kuvumilia, nimrudishe. Niliwapa chai, nikawauliza nani kati yao atampokea kwake. Wakamaliza chai, wakaaga!

Dada zangu, msimtukane anayewaonya kama nilivyofanya mimi. Na mtu akilia mbele yako, usikimbilie kumpangusa. Muulize kwanza analilia nini.

Tumeachana, na sirudi nyuma. Kanisani bado naketi mstari wa mbele. Anayeona haya, ahame yeye!