Dirisha la Amandine

Bandarini Kalundu, wachukuzi wakigombania mizigo, Sévère alimgonga Amandine mgongoni kwa rulo refu, plastiki inayong'aa iliyoviringishwa.

"Weye! Barabara yote haikutoshi?"

"Pole, mrembo. Hii ni ya kubandika dirishani. Wa inje anajiona mwenyewe, wa ndani anaona yote. Muchana hata jioni, hakuna atakayekuona."

Amandine, kitenge chake cha manjano kiunoni, akauliza bei. Mwaka ule wa vita, wenye bunduki walipita wakichungulia madirisha. Wakiona binti, walirudi. Na yeye alikuwa fundi cherehani, kazi yake yote ilikuwa dirishani.

Kesho yake Sévère alinyunyiza maji ya sabuni kwenye kioo cha dirisha lake, akabandika, akasukuma mapovu kwa kipande cha kandambili mpaka yakaisha yote. Kuanzia hapo simu zao hazikupoa.

"Umekula, sheri?"

"Nitashiba namna gani, na weye uko mbali?"

Lakini jioni moja, kabla ya kuwasha taa, Amandine alimwona kupitia kioo. Sévère amesimama palepale inje, amegeuzia dirisha mgongo, anacheka na Sabine muuza mandazi. Kesho yake tena. Na tena. Siku ya nne akawasha taa, akampigia.

"Uko wapi?"

"Kalundu, sheri. Napakua mizigo."

Kicheko cha Sabine kikasikika kwenye simu na dirishani kwa pamoja. Amandine akatoka na mkasi mkononi.

"Kalundu imehamia hapa?"

"Dada, mutoe huyu!" Sabine akadakia. "Kila jioni anasimama kama mulango, na hata andazi hanunui!"

"Geuka, Amandine," Sévère akasema taratibu. "Angalia."

Akageuka. Cherehani, kitanda, mama yake akimenya muhogo, vyote vilionekana waziwazi, kama bidhaa sokoni.

"Taa ikiwaka ndani, ile plastiki inageuka. Nilipokuuzia sikujua. Nilipoona, nikasikia haya. Nikasema nifunike na mugongo."

"Na juzi, wenye bunduki walipopita?"

"Walinisukuma. Sikutoka."

Shati lake lilikuwa limechanika begani. Hasira ikampanda Amandine mpaka machozi yakamtoka.

"Mupumbavu weye! Wangekuua! Minye ni fundi, ungesema neno moja tu, ningeshona pazia!"

"Ungenifukuza."

"Ningekufukuza, ndiyo! Halafu ningekuita!" Akaelekeza mkasi barabarani. "Na wale je? Macho ni yao, kwa nini pazia liwe letu? Kwa nini sisi njo wa kujificha kwetu?"

Sabine akafunika mandazi yake. Amandine akaingia, akazima taa, akarudi na kile kitenge cha manjano, akamtupia Sévère kifuani.

"Peleka kwenu. Jumapili lete wazee wako kwa mama kuniposa, na hicho mukononi. Hicho kitakuwa pazia, na utakifunga weye."

"Kwa inje?"

"Pazia linafungwa kwa ndani, Sévère."